Kubadilisha Maneno ya Mwalimu Sylvanus

Jeannine hakuanza kwa nia ya kuiba. Wezi wengi hawaanzi hivyo. Ukiwauliza watakwambia walikuwa wanapita tu. Yeye alianza kwa nia njema kabisa, ya kuandika kitabu chake mwenyewe cha mazoezi ya kalkulasi ya vigeu vingi, kwa Kiswahili, kwa ajili ya wanafunzi wake wa chuo pale Mpanda ambao walikuwa wanakariri kanuni za Kiingereza bila kujua zinawaambia nini. Mkuu wa chuo, Bwana Osward, alikuwa amemwita ofisini na kumwambia bila kuzunguka: mkufunzi asiye na chapisho lenye jina lake hatathibitishwa kazini, na muda wake wa majaribio unaisha pamoja na muhula. Wakati ule mwisho wa muhula ulikuwa mbali. Halafu ukawa karibu.

Aliandika utangulizi mara kadhaa. "Kalkulasi ya vigeu vingi ni tawi la hisabati linaloshughulikia..." Alipofika hapo alipiga miayo, yeye mwenyewe aliyeandika. Hesabu alikuwa anaziweza, hilo hakuna wa kumnyima, na ubaoni alikuwa moto. Lakini kuandika ni kazi nyingine, na kila alipokaa mbele ya kompyuta maneno yake yalitoka makavu kama muhogo wa juzi.

Kwenye rafu yake kulikuwa na kitabu kingine. Kilikuwa fotokopi iliyobanwa kwa pini, kimechakaa pembeni, na kiliandikwa na Mwalimu Sylvanus, Mpimbwe wa Usevya, aliyemfundisha Jeannine hesabu chuo cha ualimu kabla hajastaafu na kwenda kulima mpunga Mwamkulu. Hakikuwahi kuchapishwa. Wanafunzi walikitoa kopi wao kwa wao mwaka hadi mwaka, na mmoja wao, kwa mapenzi tu, akakipiga chapa na kukiweka mtandaoni. Kilianza hivi:

"Kitabu hiki si cha kusoma, ni cha kufanya. Kaa chini, shika penseli. Mpunga wako unategemea maji, unategemea mbolea, unategemea ulivyopalilia. Ukiacha vingine vyote kama vilivyo, ukaongeza maji peke yake, mavuno yatabadilika kiasi gani? Hilo ndilo swali la kitabu kizima. Ukikosea, futa, usione aibu. Mimi nimefuta kuliko wewe."

Jeannine aliusoma utangulizi ule akaona wivu. Mtu mzima wa Mwamkulu, mwenye tope hadi magotini, amesema kwa sentensi chache kitu ambacho yeye ameshindwa kukisema kwa kurasa. Akaupiga chapa kwenye kompyuta yake. Alijiambia ni kwa ajili ya kupata mwanzo tu, akishapata mwanzo atauondoa.

Chuo kilikuwa na programu ya kukagua maandishi. Unaingiza kazi yako, nayo inapaka rangi nyekundu kila sentensi iliyokwisha kuonekana mahali pengine. Jeannine aliingiza utangulizi ili aone, na ukurasa ukarudi mwekundu mzima kama shati jeupe lililopita barabara ya Kabungu kiangazi. Hapo mwenye akili zake angefunga kompyuta akaenda kunywa chai. Jeannine alifungua kamusi ya visawe.

"Kaa chini" ikawa "keti". "Penseli" ikawa "kalamu ya risasi". "Mavuno" yakawa "mazao", "ukikosea" ikawa "ukifanya hitilafu". Kila alipobadilisha neno aliingiza tena, na wekundu ukarudi nyuma kidogo. Na tuseme kweli, kazi ile ilikuwa tamu. Ilikuwa na utamu wa kuchambua mchele, unatoa punje moja moja na sinia linazidi kuwa safi, isipokuwa hapa alichokuwa anakitoa kilikuwa ndicho mchele wenyewe. Mpunga akaugeuza mahindi, kwa kuwa kwao Kabungu wanalima mahindi. Maji yalimsumbua, maana maji hayana kisawe, akayaacha.

Alipofika kwenye "usione aibu" kamusi ilimpa chaguo: haya, soni, fedheha, tahayuri, izara. Alizipima moja moja kama mtu anayenunua viatu. Mwisho akachukua "usitahayari", na sentensi ikawa nyeupe. Yote hayo alikuwa anayafanya mchana kweupe, ofisini, mlango wazi, huku redio ya mlinzi ikiimba nje, na hakuona aibu, wala soni, wala izara yoyote. Ile sentensi ya mwisho, "Mimi nimefuta kuliko wewe", aliifuta kabisa. Haikuwa na neno la kubadilisha, na yeye alikuwa hajafuta chochote.

Baada ya utangulizi akaenda kwenye maelezo ya sura ya kwanza, kisha ya pili, na mguu ukishaingia kwenye matope mtu huwa haangalii tena viatu. Mahali pamoja tu hesabu zenyewe zilimgomea. Katika maongezi ya kawaida, mteremko, mshuko na mwinamo ni kitu kimoja, na hakuna atakayekushtaki ukichanganya. Katika hesabu, ukishakiita kitu mteremko, lazima kibaki mteremko hadi ukurasa wa mwisho, la sivyo mwanafunzi atadhani umemletea wageni watatu. Jeannine alilijua hilo vizuri. Ndilo alilokuwa akiwafundisha. Lakini kila neno kati ya yale matatu lilikuwa limeufukuza wekundu mahali pake, kwa hiyo akayaacha yote.

Wachapaji wakakikubali, kitabu kikatoka. Gamba lake lilikuwa la buluu, na juu kulikuwa na jina lake kwa herufi kubwa. Bwana Osward alikipiga picha akaituma kwenye kundi la wakufunzi, barua ya kuthibitishwa ikaahidiwa kusainiwa mwisho wa mwezi, na Jeannine akaingia darasani akigawa nakala. Siku zile zile mwanafunzi wake mmoja, Hana, binti mtaratibu wa kukaa mbele, akanyoosha mkono.

"Samahani, madam. Mshuko na mwinamo vinatofautianaje? Nimetafuta kitabu kizima sijaona."

"Ni kitu kimoja."

"Na mteremko?"

"Na mteremko."

"Sasa mbona madam ukatumia matatu?"

Darasa likasubiri. Jeannine alisema ni kwa ajili ya kuwapanulia msamiati, na wakaandika hivyo kwenye madaftari yao, wote, hata Hana. Hapo ndipo kitu cha kwanza kilipomchoma, kidogo tu.

Mama yake, Ernestine, hakujua kusoma. Alikipokea kitabu kule Kabungu kwa mikono miwili, akakinusa, akalipapasa jina la gambani kwa kidole na kuuliza ndilo hili? Alipoambiwa ndilo hili, alikaa kwenye kigoda. Ernestine alikuwa amezaliwa Burundi, akaja amebebwa mgongoni, akakulia makazi ya wakimbizi, akalima mashamba ya watu kabla hajapata lake, akafiwa na mume watoto wakiwa wadogo. Sasa alikuwa raia, alikuwa na shamba, na alikuwa na mtoto aliyeandika kitabu.

"Mwana wanje," alisema, akimwita mwanangu kwa Kirundi chake, "hiki hakiuzwi hata kimoja kabla hakijaenda malimbuko."

Jeannine akacheka. "Mama, malimbuko ni mahindi."

"Malimbuko ni kile ulicholima. Révérien fundi si alipeleka kiti? Nani alimwambia kiti hakiliwi?"

Hapa inabidi kueleza. Kanisa lao la Kabungu lina desturi yake. Jumapili ya malimbuko kila mtu huleta cha kwanza kilichotoka mkononi mwake, na kabla hakijawekwa mbele, mzee wa kanisa humuuliza kwa sauti: ni jasho la nani? Mwenye nacho hujibu: ni jasho langu. Desturi ilianza enzi za vibarua, wakati wazee walipokuwa wakivuna mashamba ya wengine, na watu walitaka isije sadaka ya mwingine ikapelekwa kwa Mungu kwa jina lisilo lake. Kama jasho si lako unasema ni la fulani, kitu chako kinawekwa pembeni, na hakuna anayekucheka. Kila mtoto wa Kabungu anaijua hiyo. Jeannine alikuwa amejibu swali lile akiwa na meno ya utoto, ameshika maharage yake kwenye kikombe.

Mwalimu Sylvanus alikuja chuoni siku chache kabla ya Jumapili hiyo, akitokea kupeleka mchele sokoni Kashaulili. Jeannine alimwona dirishani akiuliza njia kwa mlinzi, suruali ina vumbi la pumba, kwapani ameshika kitabu chenye gamba la buluu. Alifikiria mlango wa nyuma, lakini ule ulikuwa na kufuli. Mwisho akatoka kumpokea kama mtoto mwenye adabu.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, mwanangu, marahaba. Mkufunzi mzima! Na meza yako!"

Alikaa, akakataa soda, akakubali maji. Kitabu alikiweka mezani, nacho kilikuwa kimejaa vipande vya majani makavu alivyoweka kama alama katikati ya kurasa.

"Vijana walinipa," alisema. "Nimekisoma chote. Nyumbani nina kile changu, nikawa naviweka hivi, pembeni pembeni."

Jeannine alimsogezea glasi ya maji.

"Sasa nikuulize, na usinifiche, mimi ni mtu mzima. Hapa mimi niliandika 'usione aibu'. Wewe umeandika 'usitahayari'. Hapa niliandika 'kaa chini', wewe 'keti'. Kila mahali. Kila sentensi umeigusa."

"Mwalimu, mimi nilitaka..."

"Subiri nimalize." Aliinua kiganja, kama zamani darasani. "Wewe hujui, mimi kile kitabu nilishakipeleka kwa wachapaji. Zamani, hujaja chuo. Walinirudishia na mstari mmoja tu, kwamba hakijakidhi viwango. Viwango vya nini hawakusema. Nimekaa miaka yote najiuliza, jamani, ni hesabu? Nikazirudia hesabu zote, hazina shida. Sasa nimeona chako. Hesabu ni zile zile. Mifano ni ile ile, mpunga umekuwa mahindi, basi. Kilichobadilika ni maneno. Na kimepita!" Macho yake yalikuwa yanang'aa, macho ya mtu aliyepata jibu la swali lake. "Si ndivyo nilivyowafundisha nyie? Unashika vingine visitikisike, unabadilisha kimoja peke yake, unaangalia jibu limekwenda wapi. Ilikuwa lugha, eh?"

Jeannine alimtazama. Ulikuwa uthibitisho mzuri, hatua baada ya hatua, na ulikuwa na kosa moja tu. Mzee alikuwa amesahau kigeu kimoja. Alikuwa amehesabu maneno, amehesabu hesabu, hakumhesabu Jeannine. Haikumjia kichwani kwamba mwanafunzi wake angeweza kubadilisha maneno kwa sababu nyingine yoyote, na Jeannine aliona kwamba ukweli ulikuwa palepale mezani, unangoja tu kuokotwa. Angesema tu hapana. Nje Bwana Osward alikuwa akipita akizungumza na simu, akamchungulia mgeni, akatabasamu, akapunga mkono.

"Ilikuwa lugha, Mwalimu," alisema Jeannine.

Mzee akaegemea kiti. Alicheka kidogo, kicheko cha puani.

"Nilijua. Sisi Kiswahili tumekikuta shuleni, na viboko vyake. Nilikuwa naandika kama tunavyoongea huku kwetu, nikidhani watu wataelewa." Akakifunga kitabu, akafuta gamba kwa mkono wa shati ingawa halikuwa na uchafu. "Na jina umeweka lako, ni haki. Langu lingekichafua. Umefanya vizuri, mwanangu. Mtu ajue kikomo chake."

Alipokuwa anaaga alisema mama yake Jeannine amempigia simu, kamwalika Kabungu Jumapili, awepo kama mwalimu aliyemlea binti. Alisema atakuja, hata kwa pikipiki.

Jeannine alibaki amekaa. Lile neno alilolitafutia visawe kwa starehe zote sasa lilikuja lenyewe, bila kamusi, likamkalia kifuani. Aliona aibu masikioni, yakawa moto. Aliona aibu mikononi, hakujua aiweke wapi. Kuiba maneno ya mtu ni jambo moja, na huenda angeweza kuishi nalo, watu wanaishi na makubwa zaidi. Lakini alikuwa amemwambia mwalimu wake kwamba maneno yale yalikuwa mabaya. Mzee alikuja na donda la miaka, akamwonyesha mahali linapouma, na yeye akalitia chumvi kwa sauti ya upole.

Alimpigia mama yake simu.

"Mama, Jumapili tupeleke mahindi tu. Mwaka huu yametoka mazuri."

"Mahindi kila mtu analeta."

"Watu watasema tunajivuna."

"Waseme. Walisema nilipokuwa nauza kuni ili usome, sikufa."

Jeannine akakata simu kwa kisingizio cha mtandao.

Jumapili kanisa lilijaa mpaka watu wakasimama madirishani. Ernestine alivaa kitenge kipya, na kitabu alikuwa amekilaza ndani ya kapu, juu ya mahindi, kimefunikwa kwa kitambaa cheupe. Mwalimu Sylvanus aliketishwa mbele, mahali pa wageni, koti limembana mabegani. Nyuma walikuwepo wanafunzi wa chuo, Hana akiwemo, simu zao juu, wanarekodi madam wao. Jeannine aliziona zile simu, akajua lolote litakalotoka mdomoni mwake litamfikia Bwana Osward kabla yeye hajarudi mjini. Barua yake ilikuwa bado haijasainiwa.

Révérien, mzee wa kanisa, alisimama kando ya kapu kubwa la mbele. Watu wakaanza kupita.

"Ni jasho la nani?"

"Ni jasho langu," alisema Didace, fundi cherehani, akaweka shati la shule alilolishona.

"Ni jasho la nani?"

"La shemeji yangu, yuko hospitali, mimi nimebeba tu," alisema bibi mmoja, na maharage yake yakawekwa pembeni kwenye mkeka, kwa heshima zote, naye akarudi kukaa akiwa mwepesi. Jeannine alimfuata kwa macho. Jambo lenyewe lilikuwa rahisi kiasi hicho.

Zamu yao ilifika. Ernestine alitembea mbele kwa mwendo wa harusi, akafunua kitambaa, akakitoa kitabu na kukiinua ili wa nyuma wakione. Vigelegele vikapigwa. Révérien mwenyewe alikuwa anatabasamu mpaka ufizi.

"Haya, binti yetu. Ni jasho la nani?"

Ernestine alikuwa tayari ameanza kuitikia kwa kichwa.

Jeannine alipiga moyo konde. Alitafuta neno. Aliyapitia yaliyokuwepo kama alivyokwisha kuzoea: kuazima, kunakili, kuegemea, kuchota. Yote yalikuwa maneno ya adabu, na alikuwa amekuwa bingwa wa maneno ya adabu.

"Nimechota kwa Mwalimu Sylvanus," alisema.

Kanisa zima likapiga makofi. Walimwona binti msomi anamkumbuka mwalimu wake, na Révérien akamgeukia mgeni akainama. "Mnaona?" aliwaambia watu. "Msimwone amesoma, hajasahau alipotoka." Mwalimu Sylvanus akanyanyuka nusu, akapunga mkono, amejaa haya, akaketi.

"Hapana," alisema Jeannine. Makofi yalikuwa bado yanaendelea. "Hapana, nisikilizeni. Nimetumia maneno yake bila kumwambia."

Révérien akacheka. "Sasa nani anaomba ruhusa kutumia alichofundishwa? Hata mimi sikumwomba ruhusa aliyenifundisha randa!" Watu wakaangua kicheko, kicheko cha mapenzi, na vigelegele vikaanza tena upande wa akina mama. Ukweli wake ulikuwa unapokelewa kama zawadi ya pili. Angeweza kuacha hapo. Alikuwa amesema, si amesema? Kama hawakuelewa, kosa si lake. Ungekuwa uongo mweupe kabisa, usio na wekundu hata kidogo, na barua ingesainiwa.

Akamtazama mzee pale mbele, namna alivyokuwa amejikunja kwenye koti lake, anacheka na wengine, mtu aliyekuwa mgeni wa heshima kwenye wizi wa mali yake.

"Nimeiba," alisema Jeannine.

Hakulisema kwa nguvu, lakini neno lenyewe halihitaji nguvu. Kicheko kilikatika mstari kwa mstari, kutoka mbele kwenda nyuma.

"Kitabu ni cha kwake. Chote. Nilikaa ofisini nikabadilisha neno moja moja ili kompyuta isinikamate, halafu nikaweka jina langu. Hakuna jasho langu humo."

Hakuthubutu kumtazama mama yake, lakini aliisikia pumzi yake. Ilikuwa pumzi ya mtu aliyenyanyua mzigo akaukuta mzito kuliko alivyodhani. Machozi yakamtoka Jeannine, na aliyachukia, kwa sababu yalikuwa yanaomba huruma ambayo hakuistahili. Kule nyuma simu nyingine zilishushwa. Ya Hana ilibaki juu kidogo, kisha nayo ikashuka.

Ernestine alikishika kitabu kwa mikono miwili, akaliacha kapu la mahindi palepale, akavuka mbele ya madhabahu mpaka kwa Mwalimu Sylvanus. Akapiga goti kidogo, kama wanavyofanya kwao mtu akimpa mwenziwe kitu kikubwa, akampa. Kisha akarudi kukaa, si kwenye kiti chake karibu na cha binti yake, bali kwenye benchi la pembeni, akaitazama sakafu.

Mzee alikigeuza kitabu mkononi. Hakukifungua. Alionekana kama mtu anayelirudia swali alilokwisha kulipigia mstari wa mwisho, anarudi juu, hatua kwa hatua, anatafuta alipokosea. Halafu akasimama.

"Jeannine."

"Abee, Mwalimu."

"Kwa hiyo haikuwa lugha?"

"Haikuwa lugha, Mwalimu. Nilikudanganya."

"Kiswahili changu mimi. Kilikuwa kinaeleweka?"

"Kilikuwa kizuri. Kizuri kuliko changu. Mimi ndiye niliyekiharibu."

Mzee alitikisa kichwa polepole. Hakuwa amekasirika, na hilo lilikuwa baya zaidi. Midomo yake ilikuwa inatafuta namna ya kukaa.

"Nilikuwa na sehemu ya pili," alisema, kwa sauti ya kawaida, kama anayemjibu mtu aliyemuuliza habari za shamba. "Nimeiandika tangu nimestaafu, jioni jioni. Ilikuwa inaelekea kuisha. Siku ile niliyotoka kwako nilifika nyumbani nikaisoma, nikaona kumbe ni matope matupu. Mke wangu alikuwa anatafuta karatasi za kuwashia jiko, nikampa."

Akaketi, maana ibada ilikuwa haijaisha.